Marehemu wa Dakika Kumi na Mbili

Jina lake la kwanza silitaji. Niliahidi mbele ya wazee kule Rudewa, na ingawa mimi ni mtu wa kusahau ahadi ndogondogo, hii sijaisahau. Nitamwita Lenku, jina alilopewa baada ya mambo haya kutokea. Anayelitaka lile la kwanza atalikuta mtandaoni. Aliyelipeleka huko ni mimi.

Naitwa Magreti. Nina duka la steshenari Mikumi, kando ya barabara kuu, jirani na pale malori yanapoegeshwa. Natoa fotokopi, napiga picha za pasipoti, na mwisho wa wiki narekodi harusi, komunio na kipaimara kuanzia Kidodi hadi Kilosa mjini. Nimerekodi harusi nyingi kiasi kwamba nikiingia ukumbini tu najua ni shangazi gani atalia na ni mjomba gani atagombania kipaza sauti.

Filamu niliianza kwa hasira. Shangazi yangu wa Kidodi aliacha vidonge vya presha kwa sababu nabii mmoja wa kwenye simu aliwaambia watazamaji waweke mkono juu ya kioo cha simu na waamini. Shangazi akaweka mkono, akaamini, akaanguka jikoni. Leo upande wake wa kulia haufanyi kazi. Televisheni ya mtandaoni iliyorusha ibada ile haikurudi kumuuliza hali. Siku iliyofuata ilikuwa na habari ya mbuzi mwenye vichwa viwili.

Basi nikaandika filamu fupi ya kuwacheka, nikaiita Nabii Mubashara. Ina dakika kumi na mbili. Mtu amelala mkekani, amekufa. Ndugu zake hawajafika, lakini mwandishi wa televisheni ya mtandaoni ameshafika na amechagua pa kusimama. Nabii anakuja, anamwita marehemu kwa jina, marehemu anaamka. Mwandishi anamwomba alale afe tena, maana kamera ilikuwa haijakaa sawa. Maskini wa Mungu anakufa mara nne. Mara ya mwisho mwandishi anamsogezea kipaza sauti na kumuuliza: "Huko ulikotoka, mtandao unashika?" Nilipoandika hapo nilicheka peke yangu dukani, mteja akadhani namcheka yeye.

Kumpata nabii ilikuwa kazi. Kila Mkristo niliyemwomba alikataa. Mmoja alisema mke wake mjamzito, hataki kumjaribu Mungu. Mwinshehe, muuza chipsi wa kibanda cha jirani, Muislamu mzaliwa wa Kilosa, akasema yeye upande huo hana kesi. Aliazima suti ya shemeji yake na viatu vya ncha, akapaka nywele mafuta, akawa nabii kuliko manabii. Kasoro yake ilikuwa moja tu: hakariri.

Marehemu nilimpata bila shida. Lenku alikuwa mlinzi wa nyumba ya wageni nyuma ya duka langu, kijana wa Kimaasai wa miaka ishirini na minne, msharika mzuri, kila Jumapili kanisani. Mama yake na ndugu zake walikuwa bomani, kwenye tambarare za Rudewa, na mifugo yao. Nilimchagua kwa kipaji kimoja. Siku ya majaribio alilala mkekani, nzi akatua kwenye mdomo wake, akatembea mpaka puani, akarudi, na Lenku hakutikisika. Nilisema huyu ndiye maiti wangu.

Katika muswada marehemu anaitwa Masumbuko. Tulipofika kwenye tukio lenyewe, Mwinshehe akanyoosha mikono, akafumba macho, na Masumbuko akampotea kabisa. Akaita jina alilolijua, jina la Lenku mwenyewe. Aliita mara tatu, kila mara kwa sauti kubwa zaidi, na mara ya tatu sauti ikamkatika kweli. Nyuma ya kamera nilisisimka mwili mzima. Lenku aliniambia baadaye kwamba nusura aitike.

Ningeweza kurudia. Jua lilikuwa bado lipo na betri ilikuwa imejaa. Sikurudia kwa sababu ilikuwa nzuri. Nilimuuliza Lenku kama ana shida jina lake likibaki, akasema yeye hana shida, na kwamba yeyo, yaani mama yake, hana simu ya kuangalia mambo hayo. Tukacheka, tukaenda kula chipsi.

Sasa nakuja kwenye ujinga wangu. Filamu ilipokamilika nilitaka isemwe. Nilikata kipande cha dakika moja, kuanzia marehemu anapolala mpaka vidole vyake vinapoanza kucheza, nikakituma kwa Valentino wa Kishindo Online TV, Morogoro. Ndiyo, watu walewale wa mbuzi. Nilijiambia itakuwa vichekesho wakijitangazia wenyewe filamu inayowacheka. Juu ya video niliandika maelezo marefu: filamu fupi, imetungwa, waigizaji hawa, mtunzi mimi.

Jumapili asubuhi nikaamka nikakuta imepanda. AFUFUKA MIKUMI BAADA YA SIKU TATU! NABII AMWITA MARA TATU! Chini yake, mshale mwekundu ukionyesha vidole vya Lenku.

Nilipaswa kupiga simu palepale. Nilipiga kesho yake mchana. Katikati ya hapo nilikuwa nafungua simu kila baada ya dakika tano kuangalia watazamaji wamefika wangapi. Walikuwa wameshavuka laki moja, na wote walikuwa wanatazama picha niliyoipiga mimi. Nasema ukweli, nilifurahi. Jumatatu hiyohiyo waandaaji wa tamasha la filamu za vijana Morogoro wakanipigia kusema wanaitaka Nabii Mubashara kwenye ufunguzi. Hapo ndipo nikaona ni vizuri sasa mambo yawekwe sawa.

"Dada Magreti, hongera, tumepasua!" Valentino alipokea.

"Nilikuandikia kwamba ni filamu."

"Wapi?"

"Kwenye meseji. Juu ya video."

"Ah, dada yangu, meseji ndefu mimi sisomi. Naangalia video."

"Sasa nakwambia. Rekebisha, andika ni filamu."

"Nikiandika ni filamu, ataangalia nani?" Aliuliza kwa upole kabisa, kama mtu anayemweleza mtoto hesabu. "Tulia kwanza. Tufanye sehemu ya pili, na huyo jamaa mwenyewe."

Nilimtukana. Alishakata.

Huku mtaani Mwinshehe alikuwa na msiba wake mwingine. Watu walikuwa wamemtambua. Mama mmoja alishuka kwenye basi kutoka Ruaha na mtoto mwenye degedege, akampigia magoti mbele ya kikaango. Mwinshehe akamnyanyua, akafunga kibanda, akampeleka zahanati mwenyewe. Jioni imamu wake alimwita. Aliporudi hakunieleza walichoongea, ila ile suti aliikunja akaniletea dukani, akasema nimrudishie shemeji yake, yeye hataki tena kuiona.

Jumatano Lenku alikuwa dukani kwangu, amekaa kwenye ndoo iliyogeuzwa, anakunywa chai. Simu yake ilikuwa kwa fundi tangu wiki iliyopita kwa sababu ya kioo, kwa hiyo tuliyoyaona yeye aliyaona kwenye simu yangu, na aliyachukulia kama mchezo. Wakaingia wanaume wawili wa Kimaasai wenye vumbi la safari mpaka kwenye kope. Mkubwa wao alikuwa Parsimei, baba mdogo wa Lenku.

"Shikamoo baba," nikasema.

"Marahaba."

Lenku aliweka kikombe chini, akasimama, akainamisha kichwa mbele ya baba yake mdogo, kama wanavyofanya vijana wao ili mkubwa awaguse utosini kwa salamu. Alikaa hivyo, shingo imeinama. Mkono wa Parsimei haukuja. Niliuona ukianza kuinuka, kisha ukarudi kwenye fimbo. Lenku aliinua uso polepole.

Parsimei akanigeukia mimi. "Binti, huyu ni nani?"

Nilifungua mdomo kulitaja jina, akanizuia kwa kiganja. "Usiseme. Niambie tu, ni mtu mzima? Anakula? Analala?"

"Mzima kabisa, baba. Ile ilikuwa filamu."

Akakaa kwenye benchi la wateja, akatueleza. Kipande kilichofika bomani hakikuwa hata na dakika moja. Mtu alikiweka kwenye status, kikakatwa, kikaishia pale Mwinshehe anapoita mara ya tatu na Lenku amelala kimya. Vidole havikufika Rudewa. Kijana wa boma la jirani alimwonyesha Nairesiae, mama yake Lenku, akamwona mwanawe mkekani na mgeni mwenye suti anampigia kelele. Walipiga simu ya Lenku haikupatikana. Walipiga tena jioni, kimya. Nairesiae akavua shanga zote, akanyoa kichwa, na tangu saa hiyo jina la mwanawe halikutamkwa tena pale bomani. Kwao mtu akifa jina lake linafungwa. Hata mtoto wa dada yake Lenku aliyepewa jina hilo sasa anaitwa vingine. Parsimei alikuwa amekuja Mikumi kuutafuta mwili.

"Lakini mimi ni mzima, baba mdogo," Lenku akasema.

"Naona."

"Basi niite."

Macho ya Parsimei yalijaa machozi. "Mama yako ndiye aliyelifunga. Twende kwa mama yako."

Lenku alitoka nje. Nilimfuata nikijiandaa kuomba msamaha, nikamkuta amesimama nyuma ya duka, anaongea haraka haraka. Alisema yeye ni Mkristo, kanisani wamewafundisha kwamba hayo ni mambo ya zamani, kwamba jina lile ndilo alilobatiziwa na mchungaji hakutaka hata kulibadilisha, kwa hiyo halimsumbui. Alipomaliza kusema halimsumbui, akalia. Hakuna alichokitaka duniani siku ile zaidi ya kusikia mama yake anamwita.

Tulipanda gari asubuhi iliyofuata, wanne. Kompyuta yangu ilikuwa kwenye begi nimeipakata, pamoja na kadi zote za kamera. Njia nzima mpaka Kilosa, kila gari liliposimama kulikuwa na mtu wa kumtambua. Standi ya Kilosa ndiyo ilizidi. Wapiga debe walimwona, mmoja akanyoosha mikono kama Mwinshehe na kuliita jina kwa sauti ileile, "amka!" Wenzake wakaitikia. Wauza karanga wakaitikia. Hata dada mmoja aliyebeba beseni la mahindi akaliita huku anacheka, wala hakuwa na ubaya. Jina lile lilikuwa midomoni mwa standi nzima. Lenku alivuta shuka yake ikafunika kichwa. Parsimei alikaza macho mbele kama mtu asiyesikia.

Kutoka Kilosa tulichukua pikipiki mbili, tukapita yaliyokuwa mashamba ya mkonge ya Rudewa, tukakata kushoto kuelekea kwenye malisho. Tulipokaribia boma niliona gari dogo jeupe limeegeshwa kwenye miba. Ubavuni limeandikwa Kishindo.

Valentino alikuwa ameshafika. Alikuwa amechagua na pa kusimama.

Nairesiae alikuwa ameketi kwenye kigoda mbele ya nyumba yake. Mwanamke mwembamba, kichwa kimenyolewa kinang'aa, masikio matupu na shingo tupu. Lenku alipotokea, mama akasimama wima. Hakulia. Alimtazama kuanzia miguuni kwenda juu, taratibu, kama anayehesabu viungo. Lenku akapiga hatua mbili kuelekea kwake, akasimama hapo, hakujua kama anaruhusiwa.

"Mama, mwite!" Valentino alikuwa ameshasogea na kipaza sauti chenye manyoya mekundu. "Mwite mwanao kwa jina lake, aje umkumbatie! Watazamaji wetu wanasubiri!"

Nairesiae alifunga mdomo. Aliufunga kabisa, midomo ikaingia ndani, na mikono miwili akaishika pamoja kifuani.

"Labda hajaelewa Kiswahili," Valentino akamwambia mpiga picha wake. Kisha akamgeukia tena mama kwa tabasamu. "Tuanze tena, mama. Kamera ilikuwa haijakaa sawa."

Hayo ni maneno yangu. Niliyaandika mwenyewe dukani, nikacheka. Nilimrukia yule mpiga picha, nikaziba lenzi kwa kiganja na kumsukuma mpaka akakanyaga mavi ya ng'ombe, huku namwita Valentino majina ambayo mama yangu hajui kwamba nayajua. Parsimei ndiye aliyetulia. Aliwaletea wageni maziwa kwenye vikombe, akasubiri wanywe, kisha akaita vijana sita wenye fimbo wawasindikize mpaka kwenye gari. Jioni ile Kishindo wakarusha: MAMA AMKANA MWANAWE ALIYEFUFUKA! Walionyesha ule mdomo uliofungwa, wameurudia mara tatu kwa mwendo wa polepole, na muziki wa huzuni.

Wazee walikaa. Waliongea kwa Kimaasai na Parsimei alinitafsiria yaliyonihusu. Waliniuliza jina lilitajwa mara ngapi. Nikasema mara tatu. Wakauliza kama naweza kulirudisha. Nikasema nililonalo mimi naweza kulifuta, yaliyoko kwa watu siwezi. Nikafungua kompyuta mbele yao, nikaifuta Nabii Mubashara, picha zote na sauti zote, nikafuta na kadi. Tamasha la Morogoro lilikuwa baada ya wiki mbili. Hawakuwa na namna ya kujua kama nimefuta kweli, na hawakuuliza. Waliniomba niahidi kutolitaja tena, nikaahidi.

Kisha Nairesiae akaongea, mara moja tu. Parsimei alisita kabla ya kunitafsiria.

"Anauliza, yule mtu wa suti aliyekuwa anamwita mwanawe. Alikuwa anamwita aende wapi?"

Nilikuwa na majibu mengi kuhusu manabii wa uongo na televisheni za mtandaoni na shangazi yangu wa Kidodi, na hakuna hata moja lililokuwa la swali lile.

"Mwambie hakuna mahali, baba. Ilikuwa ni kuchekesha watu."

Akamwambia. Nairesiae akatikisa kichwa kidogo, akatazama chini.

Wazee walisema jambo kama hili halijawahi kuwafika, mtu kuliliwa, mama yake akanyoa kichwa, kisha akaja na pikipiki. Waliloamua ni hili: kijana ni wao, ng'ombe zake ni zake, lakini jina lililofungwa halifunguliwi. Atapewa jingine. Lenku aliomba kusema.

"Nimebatizwa kwa jina lile. Mungu ananijua kwa jina lile."

"Mungu hatakusahau," Parsimei akamjibu. "Mama yako ndiye hawezi tena kulisema."

Wakampa jina la Lenku, wakambariki kwa maziwa, na Parsimei akaweka mkono juu ya kichwa chake akauacha hapo muda mrefu. Watu wakaanza kucheka, chai ikapikwa, mbuzi akaangushwa. Mimi nilijiona nimepona. Nilianza hata kufikiria tutarudije Kilosa kabla giza halijaingia.

Ng'ombe wakarudi. Vumbi likajaa bomani, ndama wakawa wanalia, wanawake wakatoka na vibuyu vya kukamulia. Lenku alikuwa ameenda kwenye lango la miba kuwasaidia wenzake, ametugeuzia mgongo, anamzuia dume moja lisiingie na majike. Nairesiae alikuwa anakamua hatua kumi hivi kutoka nilipokaa. Alihitaji mtu wa kumshikia ndama. Niliona midomo yake ikijaribu kwanza bila sauti. Kisha akaita.

"Lenku."

Aliita vizuri, kwa sauti ya mama anayemwita mtoto kazini, haikuwa na kitu kingine ndani yake. Lenku hakugeuka. Alikuwa anasukuma dume, anaongea na wenzake.

"Lenku!"

Vijana wawili waligeuka kumwangalia mama. Yeye hakugeuka. Hakuwa na kinyongo wala kiburi; hakujua tu kwamba anaitwa yeye. Nairesiae alibaki ameinua uso, mkono mmoja kwenye chuchu ya ng'ombe, na maziwa yalikuwa yamekatika.

Nilisimama nimwambie geuka, mama yako anakuita. Jina ambalo angelisikia hata akiwa usingizini lilikuwa limeshafika kwenye ulimi wangu. Nikauma midomo, nikakaa. Mama yake akaweka kibuyu chini, akajaribu tena.